Dosimolojia: je, aliyepata 49 amemzidi kweli ujinga aliyepata 50?

GOMA – Katika Examen d'État, huu mtihani ambao nusu ya mji unauita Exetat, mstari umechorwa kwenye asilimia 50. Aliyefika hapo ni diplome: anamwagiwa poda nyeupe toka kichwani mpaka kwenye viatu, motari wanapiga honi kutoka Birere hadi Katindo, majirani wanaingia bila kubisha hodi. Aliyebaki kwenye 49 hapati poda. Simu yake inamwambia ameanguka, na hapo hesabu imekwisha. Hawezi kuingia chuo kikuu, na tangazo la kazi linalotaka diploma ya serikali halimhusu.

Pointi moja imewatenganisha. Lakini pointi hiyo ni nini hasa? Ni maarifa ambayo mmoja anayo na mwenzake hana? Ni bahati ya kuchagua asersioni sahihi bila kujua sababu? Au ni uchovu wa mtu aliyekuwa anasahihisha kopi saa kumi jioni?

Kuna elimu nzima iliyozaliwa na swali hilo. Kwa Kifaransa inaitwa docimologie, na kwa Kiswahili tunaweza kuandika dosimolojia. Kwa Kiingereza kivumishi chake ni docimological, yaani «kinachohusu uchunguzi wa mitihani na namna ya kutoa pointi». Ni neno adimu mno kwa Waingereza. Unaweza kuzunguka London siku nzima usimpate anayelijua. Ajabu ni kwamba huku kwetu, katika vyuo vya ualimu, linajulikana zaidi kuliko huko. Tulirithi shule kutoka kwa Wabelgiji, na Mbelgiji mmoja, Gilbert De Landsheere wa Liège, ndiye aliyeandika mwaka 1971 kitabu kilicholisambaza neno hilo kwa walimu wengi wa nchi zinazotumia Kifaransa. Basi mwanafunzi wa pedagojia hapa Goma anaweza kumfundisha Mwingereza neno la Kiingereza. Si kila siku jambo kama hilo linatokea.

Neno la wapima dhahabu

Asili yake ni Kigiriki cha kale. Kitenzi dokimazo kilikuwa neno la watu wa fedha na dhahabu: kupima chuma cha thamani kuona kama ni halisi au kimechanganywa. Sarafu iliyokubaliwa iliitwa dokimos. Iliyokataliwa iliitwa adokimos.

Wanaoenda kanisani wamekutana na maneno haya bila kujua. Mtume Paulo, katika barua ya kwanza kwa Wakorintho sura ya 9, anaogopa kwamba baada ya kuwahubiria wengine, yeye mwenyewe asije akakataliwa. Neno alilotumia katika Kigiriki ni hilo hilo adokimos, sarafu iliyoshindwa mtihani. Na barua ya kwanza ya Petro, sura ya 1, inapolinganisha imani iliyojaribiwa na dhahabu inayopitishwa motoni, inatumia neno la ukoo huo huo.

Kutoka kwenye dhahabu, neno likahamia kwa watu. Huko Athene, mtu aliyechaguliwa kushika kazi ya umma hakuanza kazi hivi hivi. Alipitishwa kwanza kwenye uchunguzi ulioitwa dokimasia. Aristoteli, au mmoja wa wanafunzi wake, ameacha maelezo ya maswali aliyoulizwa: baba yako ni nani na anatoka mtaa gani, mama yako ni nani, makaburi ya familia yenu yako wapi, unawatendea wazazi wako vizuri, unalipa kodi, ulitumika vitani ulipoitwa? Kisha watu waliulizwa kama kuna anayetaka kumshtaki. Msomaji anaweza mwenyewe kuhesabu ni wangapi, kati ya wale wanaotutawala kutoka pande zote, wangepita swali la kodi.

Waingereza walilichukua neno kwanza kwa maana yake ya chuma. Docimastic ilikuwa kivumishi cha kazi ya kupima madini, na kamusi ya Webster, ile ya Marekani, ilieleza docimology kama maandiko juu ya ufundi wa kupima metali. Madaktari wanaotumia Kifaransa nao wanalo: docimasie ni kile kipimo cha zamani cha kuweka mapafu ya mtoto mchanga aliyekufa ndani ya maji, kuona kama yaliwahi kuvuta hewa.

Maana ya mtihani wa shule ilikuja katika miaka ya 1920, pale Henri Piéron, mwanasaikolojia wa Ufaransa aliyezaliwa mwaka 1881, alipolibuni upya neno docimologie kwa Kifaransa ili kuupa jina utafiti mpya: kuchunguza mitihani yenyewe, badala ya kuchunguza wanafunzi tu. Kitabu chake juu ya mitihani na dosimolojia kilitoka mwaka 1963, mwaka mmoja kabla hajafa.

Jambo lililonishangaza nilipoyafuata maneno haya ni kwamba karibu kila lugha tunayotumia shuleni imefanya safari ile ile. Test ya Kiingereza inatokana na neno la Kilatini la chungu cha udongo, kile chungu ambacho mafundi walitumia kuyeyushia dhahabu na fedha ili kuzitenga na uchafu. Examen ya Kifaransa ni Kilatini pia, na ilikuwa ulimi wa mizani, ile sindano ya katikati inayoonyesha upande gani ni mzito. Na Kiswahili? Mtihani umetoka kwenye Kiarabu, imtihan, na wanakamusi wa Kiarabu wa zamani wanaeleza kwamba kitenzi cha asili yake kilitumika kwa kusafisha fedha motoni. Kutoka mzizi huo huo Waarabu wana mihna, yaani mateso, dhiki. Ndiyo maana mswahili wa pwani akipatwa na msiba husema «huu ni mtihani», wala hamaanishi karatasi ya hesabu.

Sisi wa Kivu hatuhitaji kuelezwa sana habari ya kupima chuma. Mnunuzi wa dhahabu anasugua kipande juu ya jiwe jeusi, kinaacha mstari wa manjano, anadondosha asidi. Mstari wa shaba unatoweka, wa dhahabu unabaki. Lakini mnunuzi makini hamalizi hapo. Kando ya mstari wa mteja anachora mwingine kwa kipande ambacho ubora wake unajulikana tayari, ndipo analinganisha. Mwenye koltani kutoka Rubaya naye, akifika Goma na mzigo wake, bei inafuata asilimia itakayoonyeshwa na mashine ya kontuari, na kabla ya kuuliza asilimia atauliza mashine ni ya nani. Maswali hayo mawili, kipimo kimelinganishwa na nini na kiko mikononi mwa nani, ndiyo dosimolojia yote kwa ufupi.

Kopi moja, pointi kumi na tatu za tofauti

Katika miaka ya 1930 shirika la Carnegie la Marekani liligharamia uchunguzi mkubwa wa mitihani katika nchi kadhaa. Kwa upande wa Ufaransa, Henri Laugier na Dagmar Weinberg walifanya jambo ambalo kila mwanafunzi aliyeanguka amewahi kuliota. Walitoa kwenye kumbukumbu kopi za zamani za baccalauréat, mia moja kwa kila somo, wakazigawa kwa wasahihishaji wazoefu wazitolee pointi upya, kila mmoja bila kuona pointi za mwenzake.

Katika insha ya Kifaransa, kopi moja ilipata 3 juu ya 20 kwa msahihishaji mmoja na 16 kwa mwingine. Kopi ile ile, maneno yale yale, mwandiko ule ule. Kwa wa kwanza mtoto huyo ni wa kurudia kalasi. Kwa wa pili ni wa kupongezwa mbele ya shule.

Watafiti hao wakajiuliza: ingehitajika wasahihishaji wangapi, ili ukichukua wastani wao upate pointi ambayo haitategemea tena nani kasahihisha? Kwa hesabu walikuta 13. Kwa insha ya Kifaransa, 78. Kwa falsafa, 127. Tafadhali rudia kuisoma namba hiyo ya mwisho. Hakuna nchi duniani itakayokusanya watu 127 kuisoma kopi moja ya falsafa, na kila nchi inayotoa mtihani wa falsafa inatumia mmoja au wawili.

Waingereza nao walikuwa na wachunguzi wao, Philip Hartog na E. C. Rhodes, waliochapisha matokeo mwaka 1935. Jaribio lao moja linauma zaidi, kwa sababu halikulinganisha mtu na mtu. Walichukua kopi 15 za historia, wakazipa wasahihishaji 14. Baada ya muda mrefu wakawarudishia watu wale wale kopi zile zile. Hiyo inafanya maamuzi 210. Katika 92 kati ya hayo, msahihishaji alibadili uamuzi wake mwenyewe. Hakuhongwa, hakutishwa. Alikuwa tu ni mtu.

Baadaye Wafaransa wengine, Noizet na Caverni, walikusanya mwaka 1978 sababu za kuyumba huko. Kopi ya wastani ikisomwa mara baada ya kopi nzuri sana, inashushwa. Ikisomwa baada ya kopi mbovu, inapandishwa. Msahihishaji akiambiwa mwandishi ni mwanafunzi hodari, anaona uhodari. Akiambiwa ni dhaifu, anaona makosa. Kila mwalimu wa Goma aliyewahi kubeba kopi 80 nyumbani, akazisahihisha kwa taa ya betri kwa sababu umeme umekatika, anajua kwamba kopi ya kwanza na ya themanini hazikusomwa na mtu mwenye macho yale yale.

Je, Exetat umeponya ugonjwa huo?

Kwa sehemu, ndiyo. Exetat, uliowekwa mwishoni mwa miaka ya 1960, umejengwa kwa sehemu kubwa juu ya maswali ya kuchagua: swali moja, asersioni kadhaa, unaweka alama kwenye moja. Hapo hakuna msahihishaji mwenye huruma wala mwenye hasira. Kinachoitwa hors-session, pamoja na dissertation ya Kifaransa, ndiyo sehemu ambayo bado inapita machoni mwa binadamu, yaani ile aina ya kopi ambayo Laugier na Weinberg waliiona ikiruka kutoka 3 hadi 16.

Lakini maswali ya kuchagua yana bahati yake. Tufanye hesabu ndogo, ambayo mwanafunzi wa mwisho wa hesabu na fizikia anaweza kuihakiki. Chukua mtihani wa mfano wenye maswali 100, kila moja lina asersioni tano. Finalisti anayajua kweli 40. Kwa 60 yaliyobaki anakisia, kwa kuwa kuacha wazi hakumletei faida. Katika kukisia, moja kati ya tano hutoka sahihi: 12. Jumla 52. Amepita, ingawa anajua arobaini tu.

Sasa chukua wanafunzi wengi wanaojua 40 hizo hizo, wote wanakisia. Bahati haiwagawii sawa. Wengine watapata 9 kutokana na kukisia, wengine 15. Hesabu ya uwezekano inasema karibu wote wataangukia kati ya 46 na 58. Maana yake, watoto wawili wa kalasi moja wenye maarifa sawa kabisa, mmoja anaweza kutoka na 48 na mwingine na 56. Mmoja poda, mwingine machozi. Tofauti yao yote ni kalamu ilitua wapi.

Mtihani wetu halisi una sehemu nyingi zenye uzito tofauti, na pointi za shule zinaingia ndani, kwa hiyo mfano huu haufanani nao kila kitu. Lakini unaonyesha kwa nini mtaalamu wa dosimolojia hawezi kusema kwamba 49 ni chini ya 50 bila kuongeza neno. Atasema: kipimo hiki kina kosa la pointi kadhaa juu na chini, na ndani ya kosa hilo watoto hawa wawili hawatofautishiki. Serikali inalazimika kuchora mstari mahali fulani, hilo halina ubishi. Kinachokosewa ni pale familia, mtaa na mchumba wanapoamini kwamba mstari huo umechorwa na Mungu.

Baadhi ya nchi zimejaribu kumwadhibu anayekisia: ukikosa swali la asersioni tano unakatwa robo ya pointi, hivyo bahati inajifuta. Ubaya wake umeonekana pia. Mtoto mwoga anaacha wazi hata maswali anayoyajua nusu nusu, mwenye kiburi anajaza yote, na mtihani unaanza kupima moyo badala ya kemia.

Kopo la Guigoz

Wataalamu wanataka kipimo kiwe na sifa mbili, na sokoni Virunga tunaweza kuzieleza bila kamusi. Ya kwanza ni uthabiti: ukipima leo na kesho, na akapima mama Fulani na mama mwingine, jibu ni lile lile. Ya pili ni uhalali: kipimo kipime kile kinachosemwa kinapimwa.

Maharagwe huku yanauzwa kwa kopo la Guigoz. Mchuuzi mjanja hugonga kitako cha kopo likabonyea ndani. Kopo hilo lina uthabiti kamili. Kila mteja anapata kiasi kile kile, asubuhi na jioni. Halina uhalali, maana linaitwa Guigoz na si Guigoz. Mtihani unaweza kuwa hivyo hivyo: unasahihishwa bila upendeleo, na bado kitako kimebonyea.

Kitako cha mitihani yetu, kwa maoni ya mwandishi huyu, kimebonyea zaidi upande wa lugha. Katiba inatambua Kiswahili kuwa moja ya lugha nne za taifa, pamoja na Kilingala, Kikongo na Tshiluba, na Kifaransa kuwa lugha rasmi. Mtoto wa Mabanga au Ndosho anacheza, anagombana, anahesabu chenji na anaota kwa Kiswahili. Swali la hesabu linamjia kwa Kifaransa: gari limeondoka, lingine limelifuata, litalifikia lini? Kama hajui neno la «kufikia», ameanguka hesabu bila kufika kwenye hesabu. Kwenye buletini itaandikwa kwamba ni dhaifu katika kutafakari. Kwa kweli kilichopimwa ni kama nyumbani kwao kuna mtu anayesema Kifaransa, na hilo, mara nyingi, ni swali la kazi ya baba.

Wapo watakaojibu kwamba bila Kifaransa mtoto hatasonga mbele, hivyo ni haki apimwe. Sawa, apimwe. Piéron na wenzake hawangepinga somo la Kifaransa kuwa na mtihani wake. Wangeuliza kwa nini Kifaransa kimepewa pointi katika jiografia, katika biolojia na katika hesabu pia, bila kutajwa kwenye ratiba.

Na kuna vita. Mwishoni mwa Januari 2025 M23 waliingia Goma. Shule zilifungwa, kisha zikafunguliwa. Kambi za wakimbizi wa ndani zilizouzunguka mji, ambamo maelfu ya watoto kutoka Masisi na Rutshuru walikuwa wakisoma kwa namna walivyoweza, ziliondolewa mwezi uliofuata na watu wakaambiwa warudi walikotoka. Mwaka ule ule finalisti wa mji huu walikaa kwenye mtihani ulioandaliwa na wizara iliyoko Kinshasa, wakiwa ndani ya mji ambao Kinshasa haiutawali. Walijibu maswali yale yale waliyojibu wenzao wa Kisangani na Matadi.

Hapo watu wa Goma wamegawanyika, na pande zote mbili zina hoja. Wapo wanaosema maswali sawa kwa wote ndiyo fahari yetu ya mwisho: diploma ya mtoto wa Kivu isije ikaitwa diploma ya vita, ya kuhurumiwa, isiyo na thamani Kinshasa wala nje. Wapo wanaosema mtoto aliyepoteza miezi, aliyelala shuleni kabla ya kusomea shuleni, hakupimwa akili bali alipimwa mahali alipozaliwa. Dosimolojia haimalizi ugomvi huo. Inasaidia tu kuutenganisha: wa kwanza wanalinda uthabiti, kopo lile lile kwa nchi nzima, wa pili wanalilia uhalali, kwamba kopo lipime kilichosemwa. Tukijua kwamba tunabishania vitu viwili, pengine tutaacha kuitana wasaliti.

Kinachofanyika, na kisichofanyika

Dawa zinajulikana, na hazihitaji mashine. Ficha jina na shule kwenye kopi. Andika kabla ya kuanza jedwali linalosema kila wazo lina pointi ngapi. Sahihisha swali la kwanza kwa kopi zote, ndipo uende la pili, usimalize mtoto mmoja moja kwa moja. Hivyo uzuri wa jibu la kwanza hautaubeba ubovu wa la tatu. Changanya mpangilio wa kopi kila raundi. Kopi zilizo karibu na mstari, wape watu wawili. Mwalimu wa sekondari yoyote hapa mjini anaweza kuanza Jumatatu, na wapo wanaofanya hivyo bila kujua kwamba wanachofanya kina jina la Kigiriki.

Ugumu uko kwingine. Mwaka 2003 mwalimu wa hesabu wa Toulouse, André Antibi, alichapisha kitabu juu ya kile alichokiita kwa Kifaransa constante macabre. Hoja yake ni kwamba walimu, bila kukusudia, hujihisi wanalazimika kuwa na idadi fulani ya walioanguka katika kila kalasi, hata kama wanafunzi wote wamesoma. Mwalimu ambaye kalasi yake nzima imepita anashukiwa kuwa mlegevu au amekula hongo. Huku kwetu tunalijua hilo vizuri: kuna prefe anayejivunia mbele ya wazazi kwamba katika shule yake «watu wanaanguka», na wazazi wanapiga makofi, kila mmoja akiamini atakayeanguka ni mtoto wa jirani.

Na hongo yenyewe? Dosimolojia haina la kusema juu ya pointi zilizonunuliwa, kama vile anayepima dhahabu hana la kumwambia aliyeibiwa dhahabu. Hiyo ni kazi ya ispeksioni na ya mahakama. Ila hatari ni kuamini kwamba siku hongo itakapoisha, pointi zitakuwa za kweli. Wasahihishaji wa Laugier na wa Hartog walikuwa watu waaminifu, na matokeo tumeyaona.

Kwa aliyeanguka, milango haijafungwa yote. Anaweza kurudia mwaka shuleni, au kujiandikisha kama otodidakte, yule mgombea asiye na shule, ambaye hupita kwanza kwenye mtihani wa awali kabla ya kuruhusiwa kukaa kwenye Exetat. Kila mwaka wamo mle watu wazima, mama wenye watoto, motari, wafanyakazi wa maduka, waliokosa pointi chache miaka mingi iliyopita na ambao tangu hapo wameendesha biashara, wameongoza vikundi vya akiba, wamehesabu kodi na riba kwa kichwa. Wanachukua kalamu na kukaa kwenye benchi karibu na vijana wa umri wa watoto wao, wanasubiri bahasha ya maswali ifunguliwe.